Taarifa ya mwaka ya mwenyekiti kwa wanachama wa idara ya sanaa

Ndugu wanachama, habari zenu na poleni na majukumu. Mahesabu mweka hazina ameshawatumia, ada nyingi zimelipwa na waliobaki wanajijua, kwa hiyo mi naenda moja kwa moja kwenye lile lililotusumbua mwaka mzima: vijana wetu wanataka kuitwa prodakshen dizaina, yaani yule anayebuni mwonekano mzima wa filamu, kabla hawajabeba propu (vifaa vya kwenye seti) hata kwenye prodakshen mbili.

Siwalaumu, cheo kinavutia. Kilianza 1939 pale William Cameron Menzies alipopewa kwenye Gone with the Wind, alikuwa ameichora filamu shoti baada ya shoti, rangi, mwanga, kamera ikae wapi, mpaka jina la mkurugenzi wa sanaa likawa halimtoshi. Ila huyo jamaa Oscar za kwanza kabisa, 1929, tayari alikuwa ameshinda! Na Hannah Beachler, Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda Oscar ya prodakshen dizaini, 2019 kwa Black Panther, naye alipitia filamu za bajeti ndogo kwanza. Tena ile tuzo dizaina anaipokea pamoja na mpambaji wa seti, kwa hiyo jamani tusidharau upambaji.

Kwenye mafunzo yetu tulisimamisha ukuta wa mbao tukaupaka rangi, ukawa mweupe pee. Mzee wetu mmoja akachukua rangi ya kahawia akaizimua na maji mengi, akachovya sponji, akagusa pembeni ya swichi ya taa tu, pale vidole vinapopapasa kila siku, halafu akahamia ukutani nyuma ya kiti. Hapo akasimama akauliza, huyu mhusika mrefu au mfupi? Maana doa la kichwa lazima lifuate urefu wake. Kimya. Hakuna aliyekuwa ameisoma skripti kwa jicho hilo, na mimi nikiwemo, tukarudi kuifungua wote. Kwangu hiyo nusu saa ndo kitu bora tulichofanya mwaka huu.

La pili linauma. Nilifanya tamthilia moja, nikaingia wiki kadhaa kabla ya kamera, nikapima lokesheni zote, nikachora ramani za seti kwa skeli ya 1:50, nikakaa na dairekta na kameramani tukakubaliana rangi za kila chumba, kazi ya dizaina kabisa, mwisho wa siku kwenye majina nikaandikwa mpambaji. Kumuuliza prodyuza, akanirudisha kwenye mkataba, na kweli cheo hakikutajwa popote.

Ndo maana kamati imeandaa mkataba wa mfano, ukurasa mmoja tu: cheo kama kitakavyosomeka kwenye skrini, siku za maandalizi zinazolipwa, na nani anaidhinisha matumizi ya bajeti ya idara. Rasimu iko kwa katibu, isomeni mrekebishe, kwenye mkutano mkuu tunaipigia kura.