Muhuri wa mtendaji haumfanyi mtoto kuwa wako

Mhariri,

Mimi ni mkunga mstaafu, nimefanya kazi miaka mingi katika wodi za wazazi huku Mtwara. Naandika juu ya watoto wachanga wanaotolewa kimyakimya, na watu wakaita msaada.

Binti anapata mimba, nyumbani hapakaliki. Anajitokeza mtu anayemjua mwanamke wa Dar es Salaam ambaye hajajaaliwa mtoto. Huyo atalipia kliniki, atanunua khanga na beseni, na mjomba ataachiwa chochote. Mtoto akizaliwa, makubaliano yanaandikwa kwa mtendaji wa kijiji, yanagongwa muhuri, na alfajiri basi linaondoka naye.

Huko si kuasili, yaani kumfanya mtoto wa mwingine kuwa wako kisheria. Kwa Sheria ya Mtoto ya 2009, amri ya kuasili hutolewa na Mahakama Kuu, ambayo tunayo hapahapa Mtwara. Mwombaji asiye ndugu awe na miaka 25 au zaidi na amzidi mtoto kwa miaka 21. Ustawi wa jamii humchunguza, mzazi huulizwa kama ameridhia, na mahakama hujiridhisha kwamba mtoto hakutolewa kwa malipo.

Naambiwa mlolongo huo ni mrefu, na wakili ni ghali. Ni kweli. Lakini niliiona ile njia ya mkato inakoishia. Kuna binti aliyepokelewa wodini kwetu kwa jina la mwanamke mwingine, ili tangazo la kizazi, ile karatasi ya hospitali ya kuombea cheti cha kuzaliwa, litoke kwa jina la mchukuaji. Niliambiwa ninyamaze, nikanyamaza. Mwaka uliofuata alirudi kuniuliza mwanawe yuko wapi. Nilifungua daftari. Kwa mujibu wa daftari letu, binti yule hakuwahi kuzaa.

Wengine wanasingizia mila. Mimi ni Mmakonde wa Newala, nimelelewa na bibi na mama mkubwa, na neno la mjomba nalijua uzito wake. Ila kijiji kizima kilijua nimetoka tumbo la nani, na mama alikuja kuniona alipotaka. Hapakuwa na siri wala fedha. Na sisi Waislamu tumeagizwa katika Sura Al-Ahzab tuwaite watoto kwa baba zao. Kulea kuna thawabu kubwa, na mlezi anaweza kumuusia mtoto wa kulea hadi theluthi ya mali yake. Nasaba yake si ya kufutwa. Mlezi asiyeandika lolote akifariki, ndugu wa marehemu humtoa mtoto huyo nje kabla hata arobaini haijafika.

Linaloniuma zaidi ni mabinti kuambiwa, “Mtoe huyo mtoto urudi shule.” Tangu Novemba 2021 Serikali imeruhusu waliojifungua warudi darasani. Hakuna sharti la kutoa mtoto. Mbona hawaambiwi?

Naomba afisa ustawi wa jamii afike wodini kabla binti wa namna hii hajaruhusiwa kwenda nyumbani, azungumze naye peke yake, mjomba akiwa nje. Watendaji nao waache kugonga muhuri kwenye makubaliano haya. Wawapeleke watu halmashauri, kwa ustawi wa jamii.

Na wewe binti uliyerudi kuniuliza, kama barua hii itakufikia: niko tayari kwenda nawe ustawi wa jamii na kueleza yote niliyoyaona usiku ule.

Mkunga mstaafu,
Mtwara