Tirza mwanangu, jina lako lilidai ardhi

Mwanangu Tirza,

Shikamoo yako nimeipata, marahaba sana. Meseji yako nimeisoma, mama yako nae kaisoma, na wote tumeona hili sio swali la kujibu kwa mistari miwili kwenye simu, kwahiyo nakuandikia kwa kirefu na we usome ukiwa umetulia. Unauliza jina lako maana yake nini na nililitoa wapi, kwasababu hapo chuo kila ukijitambulisha wanakuuliza mara mbili, wengine wanakuita Tereza wengine Theresia, mpaka umefika mahali unasema bora ungeitwa Neema mambo yangekua rahisi. Sawa, jina ni lako, we ni mtu mzima sasa na ukitaka kulibadili taratibu zipo. Ila kabla hujafika huko nataka ujue umebeba jina la nani.

Kwanza Tereza ni jina lingine kabisa, halina undugu na lako. Lako ni la Kiebrania, herufi nne tu, na wenyewe wanalitamka Tirtsa, sauti wanaikazia mwishoni. Kuna wanaoandika Tirza, kuna wanaoandika Tirsa, Waingereza wa zamani waliandika Thirza, yote ni hilo hilo. Mzizi wake ni kupendezwa, kuridhia, kukipokea kitu kwa moyo mmoja. Ndo mzizi unaokutana nao kwenye Agano la Kale pale Mungu anapoikubali sadaka ya mtu, na mpaka leo ukiwa Israel mtu akikuuliza kama unataka chai, hilo "unataka" linatoka hapohapo. Kwahiyo Tirza ni yule apendezaye, mtu ambae ukimuona roho yako inaridhika. Maana nzuri, na nilivyokushika siku ya kwanza niliona inakufaa. Lakini sikukupa jina kwa ajili ya maana peke yake. Nilikupa kwa ajili ya huyo msichana mwenyewe.

Fungua Hesabu sura ya 27. Hapo wana wa Israeli wako tambarare za Moabu, ng'ambo ya Yordani, wanaitazama Yeriko kwa macho. Wametoka kuhesabiwa, na ardhi ya ng'ambo itagawanywa kwa kufuata hiyo hesabu, ambayo ni hesabu ya wanaume. Sasa kulikuwa na mzee mmoja wa kabila la Manase anaitwa Selofehadi, amefia jangwani, hana mtoto wa kiume hata mmoja, ana mabinti watano: Mala, Noa, Hogla, Milka na Tirza. Kwa utaratibu wa wakati ule ni kwamba nyumba ya mzee imeisha, fungu lake halipo, mabinti wataolewa huko watakakoolewa na habari ya baba yao imefungwa.

Hawa mabinti hawakukaa kulia kwenye hema. Walienda wakasimama mlangoni pa hema ya kukutania, mbele ya Musa, mbele ya Eleazari kuhani, mbele ya wakuu na mkutano mzima, wote hao wanaume, na wakaongea wenyewe, hawakumtuma mjomba. Na usikilize walivyopanga hoja zao maana we unasoma sheria utazielewa kuliko mimi. Walianza kwa kumsafisha baba yao, wakasema hakuwemo kwenye kundi la Kora waliomuasi Mungu, alikufa kwa dhambi yake mwenyewe tu kama watu wengine, yaani hakuna kosa la kumnyang'anya mtu haki yake. Baada ya hapo wakauliza, kwanini jina la baba yetu lifutwe katika jamaa yake kwasababu tu hakuwa na mwana? Halafu ndo wakasema wanachotaka, tupeni milki pamoja na ndugu za baba yetu.

Musa hakua na jibu. Mtu aliyepokea amri zote Sinai, kwa hili alinyamaza akalipeleka kwa Mungu. Na jibu lilirudi kwamba binti za Selofehadi wamesema sawasawa, wapewe, na sio wao tu, iwe sheria kwa Israeli yote kwamba mtu akifa hana mwana urithi uende kwa binti yake. Mimi nimekua kanisani tangu mtoto na nimesikia mahubiri mengi sana ya Daudi na Goliathi, haya ya mabinti watano nilikuja kuyasoma mwenyewe nikiwa na mke na watoto tayari, na yalinishika mpaka leo hayajaniachia.

Na hawakuishia hapo. Miaka ikapita, Musa akafa, Yoshua akavusha watu, ardhi ikaanza kugawanywa, na kwenye Yoshua 17 unawakuta walewale mabinti wamesimama tena mbele ya Eleazari na Yoshua wanawakumbusha, Bwana alimwagiza Musa atupe urithi. Maana ahadi ni kitu kimoja na kukabidhiwa shamba ni kitu kingine, hilo kila mtu aliyewahi kufatilia ardhi anakijua. Wakapewa.

Kuna jambo dogo humo ambalo nalipenda kwasababu yako. Kwenye Hesabu 26 na 27 Tirza anatajwa wa mwisho, Noa wa pili. Ukifika sura ya 36 mpangilio umebadilika, ni Mala, Tirza, Hogla, Milka, Noa. Wasomi wa Kiyahudi wa zamani waliliona hilo, wakasema mpangilio umegeuzwa ili ujue hao dada wote walikua sawa, hakuna wa kwanza wala wa mwisho. We ni kitinda mimba wangu na najua dada zako walikua wanakutuma dukani kila saa, basi kaa na hilo.

Sasa nije kwenye sehemu ambayo ilinifanya nikae na hili jina hata kabla hujazaliwa. Mwaka 1910 watu wa chuo kikuu cha Harvard walikua wanachimba Samaria, ule mji uliokua makao makuu ya ufalme wa kaskazini wa Israeli, na kwenye magofu ya ikulu wakakuta vigae, yaani vipande vya mitungi iliyovunjika vikiwa vimeandikwa kwa wino. Sio maandiko matakatifu wala nini, ni kumbukumbu za stoo. Mwaka wa kumi, kutoka mahali fulani, kwa fulani, mtungi wa divai ya zamani. Au mtungi wa mafuta mazuri ya zeituni. Karani aliokota kigae akaandika kilichoingia akakitupa pembeni, na ni vya karne ya 8 kabla ya Kristo, leo viko makumbusho ya Istanbul kwasababu wakati ule huko kote kulikua chini ya Waturuki. Na kwenye hivyo vigae, majina ya maeneo ambako mitungi ilitoka, wamo Noa na Hogla. Karne nyingi baada ya wale mabinti, majina yao yamekaa kwenye ardhi ya Manase, watu wanakamua zabibu huko na kulipa kodi na karani anaandika bila kufikiria, hii ya Noa, hii ya Hogla. Walisimama wakasema jina la baba yetu lisifutwe, na ardhi ikabaki inaitwa kwa majina yao wao.

Na Tirza nae hakukosa pake, kwasababu Tirza ni mji humohumo Manase. Ulikuwepo tangu Wakanaani, mfalme wa Tirza yumo kwenye orodha ya wafalme 31 aliowapiga Yoshua, anatajwa wa mwisho kabisa. Baadae ukawa mji mkuu wa Israeli kabla ya Samaria. Mfalme Baasha alitawala hapo miaka 24, mwanae Ela akauawa hapo akiwa amelewa kwenye nyumba ya msimamizi wake, aliyemuua ni Zimri, na Zimri nae alikaa siku saba tu, alipoona mji umezingirwa akajichomea ndani ya ikulu. Omri alitawala hapo miaka sita halafu akanunua kile kilima cha Samaria kwa talanta mbili za fedha akahamia huko. Mji wa misukosuko, nakubali. Lakini Wimbo Ulio Bora 6:4 jamaa anamsifia mpenzi wake kwamba ni mzuri kama Tirza, na kwenye mstari huohuo ndo anaitaja Yerusalemu. Tirza kwanza, Yerusalemu inafuata.

Mahali penyewe wanapaita leo Tell el-Farah, kama kilometa 10 hivi kaskazini mashariki ya mji wa Nablus huko Palestina, kwenye bonde lenye chemchemi na kijani kinachoshuka mpaka Yordani, kwahiyo huo uzuri haukua wa kutunga. Padri mmoja Mfaransa, Roland de Vaux, alichimba hapo kuanzia 1946 mpaka 1960. Aligundua kitu ambacho nakiwaza sana. Nyumba za karne ya 10 kabla ya Kristo zilikua karibu zote sawa kwa ukubwa na mpangilio, kila familia na uwanja wake. Alivyofika kwenye nyumba za karne ya 8 akakuta mtaa wa nyumba kubwa zilizojengwa vizuri huku, na mtaa wa vibanda vimebanana kule. Ardhi ilikua imeshaondoka mikononi mwa wengi. Ndo wakati huohuo nabii Amosi alikua anawapigia kelele matajiri wanaowaonea maskini.

Utasema baba haya ya huko yananihusu nini mimi wa Kagera. Yanakuhusu. Ulipozaliwa we ukiwa binti wa tatu na daktari ameshamwambia mama yako basi inatosha, kuna ndugu walikuja kunipa pole. Pole, mtoto mzima mwenye afya yuko mgongoni kwa bibi yake. Na mzee mmoja wa ukoo, simtaji, alisema mbele ya watu hiki kibanja, yaani shamba letu la ukoo, sasa tuanze kufikiria kitaenda kwa mtoto gani wa kaka zako. Sikumjibu siku hiyo. Nilienda kwa mchungaji nikamwambia mtoto anabatizwa Tirza.

Na sikua nawaza ndoto tu, maana hapahapa kwetu alishasimama mama mmoja. Holaria Pastory, Mhaya, baba yake alimwachia shamba la ukoo kwa wosia, 1988 akaliuza kwa mtu wa nje ya ukoo kwa shilingi 300,000. Mtoto wa ndugu yake akaenda mahakamani kwamba mwanamke kwa mila hana ruhusa kuuza ardhi ya ukoo, na mahakama ya mwanzo ikakubaliana nae. Mama hakukubali. Ikapanda wilaya, ikapanda mpaka Mahakama Kuu Mwanza, na mwaka 1990 Jaji Mwalusanya akasema katiba inakataza ubaguzi, kama mwanaume wa Kihaya anaruhusiwa kuuza basi na mwanamke ni vilevile. Hii kesi naamini mtaisoma darasani kama bado. Baada ya hapo zikaja sheria za ardhi za 1999 zikaandika wazi mwanamke ana haki sawa ya kupata na kumiliki ardhi. Lakini kwenye mirathi ya kimila ile iliyoandikwa 1963 mabinti wamepangwa daraja la tatu, nyuma ya kaka zao wote, ndo maana mzazi asiyeandika wosia anawaachia mabinti zake vita.

Mimi naandika. Kibanja kinagawanywa kwenu watatu, upande wako ni ule wa juu wenye mibuni ya bibi yako, kuanzia njia ya kwenda mtoni mpaka kwenye miramula, ile mimea iliyopandwa kuonyesha mpaka. Mwezi wa saba mkifunga chuo njooni wote, tutatembea mipaka na majirani na mwenyekiti wa kitongoji wakiwepo, kila mtu aone kwa macho, halafu tutasaini na mashahidi.

Kuna sehemu moja tu ya habari ya Selofehadi sitaifuata. Kwenye ile sura ya 36 wazee wa ukoo walirudi kwa Musa wakalalamika kwamba hawa mabinti wakiolewa kabila lingine ardhi itahama nao, ikaamuliwa waolewe na yeyote watakaempenda ila awe wa kabila la baba yao, na wakaishia kuolewa na watoto wa baba zao wadogo. Nimeambiwa na watu wawili watatu niweke sharti kama hilo. Siweki. We ukiolewa na Mhaya, ukiolewa na Mkurya, ukiolewa na Mnyakyusa, usipoolewa kabisa, ule upande wa juu ni wa kwako, na ukitaka kuulima ulime, ukitaka kuuza uuze, hutakuja kuomba ruhusa kwa mtoto wa baba yako mdogo.

Mama yako anakusalimia, anasema ndizi za kutuma kwa basi zitatoka Alhamisi.

Baba yako.