Jilindeni, lakini msijinyamazishe

Wanangu mnaodai haki,

Nasikia wengi wenu mmeacha kusema, hata kuhudhuria mikutano, kwa kuwa mnaambiwa serikali inaona kila kitu. Hofu hiyo siidharau. Ina msingi.

Januari 2014, mjini Kyiv, mji mkuu wa Ukraine, watu waliokuwa karibu na maandamano walipokea ujumbe kwenye simu zao: wameandikishwa kuwa washiriki wa vurugu. Kamera haikuhitajika. Simu huwasiliana na minara muda wote, na mwenye kuyanasa mawasiliano hayo anajua nani yuko wapi, na yuko karibu na nani.

Lakini tazameni nia ya waliotuma ujumbe ule. Anayetaka kukukamata tu hakupi taarifa mapema. Walitaka watu warudi nyumbani wenyewe. Mbinu hiyo ni ya zamani: nyaraka zilizochukuliwa kwa siri mwaka 1971 katika ofisi ya FBI, shirika la upelelezi la Marekani, katika mji uitwao Media, jimbo la Pennsylvania, zilionyesha maafisa wakihimizwa kuwahoji wapinzani mara nyingi zaidi, ili waamini kwamba nyuma ya kila sanduku la barua kuna afisa. Maafisa wa kutosha masanduku yote hawakuwapo. Imani hiyo ndiyo iliyotakiwa.

Basi jilindeni kwa akili. Programu zinazosimba ujumbe, yaani kuugeuza ili wengine wasiweze kuusoma, hulinda maneno, hazifichi kwamba mmewasiliana. Na programu ya ujasusi kama Pegasus husoma yaliyomo ndani ya simu yenyewe. Mambo mazito yazungumzeni ana kwa ana, simu zikiwa mbali. Msirushe mtandaoni picha za nyuso za wenzenu: wewe umekubali hatari yako, mwenzako hajaulizwa. Na tafadhali, msiitane wasaliti bila ushahidi. Kundi linaloshukiana limekwisha kazi hata kabla ya kuguswa.

Wala msiamini kwamba mitambo hii ya upelelezi haiwezi kuzuiwa. Edward Snowden, aliyefanya kazi kwenye idara za ujasusi za Marekani, alipofichua mwaka 2013 kwamba Marekani inakusanya kumbukumbu za simu za raia wake kwa wingi, raia walikwenda mahakamani. Mwaka 2015 mahakama ya rufaa ikasema sheria haikuruhusu ukusanyaji ule, na Bunge likapitisha sheria ya kuukomesha. Nanyi ulizeni hadharani, kwa maandishi: mitambo hii imenunuliwa kwa fedha za nani, jaji gani anaidhinisha, taarifa zetu zinafutwa lini? Wasipojibu, pelekeni maswali hayohayo mahakamani.

Mzee wenu