Barua ya wazi kwa Waziri wa Katiba na Sheria: aliyeweka rehani naye asikilizwe

Mheshimiwa Waziri,

Nakusalimu kwa heshima.

Alinijia mzee mmoja na kiroba cha risiti za benki. Alikopa anunue mashine ya kukoboa mpunga, akaweka nyumba rehani. Msimu mmoja mvua zikagoma, akaenda kwa meneja, wakaelewana marejesho yasogezwe mbele. Kumbe kwenye kompyuta adhabu za ucheleweshaji ziliendelea kuhesabiwa. Ananifikia, samansi amekaa nayo siku 19. Sheria inampa 21 za kuijibu.

Benki ilifungua shauri kwa utaratibu wa muhtasari, chini ya Amri ya 35 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai. Huko mdaiwa haji na utetezi wake hivi hivi. Kwanza aombe ruhusa ya kujitetea, kwa hati ya kiapo. Asipoipata, yote aliyoandika mdai yanahesabiwa kuwa ameyakubali.

Sasa mzee aape nini? Tangu marekebisho ya 2008, aya ya (c) ya kanuni ya 3 ya Amri hiyo inamtaka aliyeweka rehani aonyeshe moja kati ya mawili: kwamba mkopo, au sehemu inayodaiwa, umekwisha kulipwa, au kwamba hakukopa kabisa. Mzee alikopa, anakiri. Hajamaliza kulipa, hilo pia anakiri. Anachobisha ni hesabu, na hesabu haina mlango. Ruhusa ikakataliwa, kiroba hakikufunguliwa.

Hofu ya mabenki naielewa. Wapo wadaiwa (na sisi mawakili wao, tusijifiche) wanaoburuza kesi miaka nenda rudi huku nyumba ikipangishwa na kodi ikiliwa. Lakini utaratibu huu ulitungwa Uingereza mwaka 1855 kwa ajili ya hati za kibiashara, ukatufikia kwa njia ya India. Hundi inajieleza yenyewe: kiasi, tarehe, saini. Mkopo wa rehani haujielezi. Una riba inayobadilika, bima, adhabu, na maelewano ya mdomo na meneja ambaye kesho amehamishiwa tawi jingine. Ajabu ni kwamba aliyetoa hundi iliyogoma anaweza kuomba ruhusa kwa jambo lolote ambalo mahakama italiona linatosha, ilhali mwenye nyumba amebanwa kwenye matundu mawili. Hata mke ambaye hakuridhia nyumba ya familia iwekwe rehani, ridhaa inayodaiwa na kifungu cha 114 cha Sheria ya Ardhi, hoja yake haimo humo.

Naomba upeleke bungeni muswada wa kuifuta aya hiyo ya (c), au walau kuingiza hoja za hesabu na ridhaa. Anayeshukiwa kuchelewesha asizibwe mdomo. Kanuni hiyohiyo tayari inamwezesha hakimu kutoa ruhusa kwa masharti, kwa mfano mdaiwa aweke fedha mahakamani au atoe dhamana. Akishaweka kile asichokibishia, asikilizwe “kwa ukamilifu”, kama isemavyo Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba.

Na samansi yenyewe, maadamu Kiswahili ni lugha ya sheria tangu 2021, iandikwe kwa herufi kubwa: USILETE UTETEZI, LETA KWANZA OMBI LA RUHUSA. Wapo wanaopeleka utetezi wa kawaida, tena ndani ya muda, na bado wanashindwa siku hiyohiyo.

Wako,
Wakili wa kujitegemea, Morogoro