Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka, Lindi

Ndugu wanachama, Assalamu alaikum, Tumsifu Yesu Kristo, Bwana Yesu asifiwe.

Hesabu za fedha mtasomewa na mweka hazina, na majina ya wanachama wapya anayo katibu. Mimi nitasema kazi yetu ya kuchunguza dini za huku Kusini imefikia wapi, hasa pale ilipoharibika.

Iliharibika kwanza kwenye dodoso. Fomu tuliyoipeleka vijijini ilianza na swali "Wewe ni dini gani?" na majibu yakarudi mawili tu, Mwislamu au Mkristo. Anayemwaga unga wa mtama chini ya mti kuwaomba wazee waliotangulia hawezi kulitaja hilo hapo, kwa sababu kwake ni mila, si dini. Mlango tuliufunga wenyewe. Fomu mpya inauliza matendo: mvua ikichelewa mnafanya nini? Kijana akitoka jandoni anapokelewa na nani, kwa maneno gani? Na kwa kuwa sensa zetu hazijauliza dini tangu ile ya 1967, mtu akikuletea asilimia za Waislamu na Wakristo wa Lindi, muulize kwanza kahesabu nani.

Wapo wanaosema kazi hii tuwaachie masheikh na mapadri. Sikubaliani nao. Sheikh na padri wanafundisha dini yao, na wana haki. Sisi hatuulizi kama dua ilipokelewa. Tunauliza aliiomba nani, kwa lugha gani, na ilinakiliwa lini. Maswali hayo ni ya mwanahistoria na mwanaisimu, ndiyo maana somo hili limekaa upande wa sanaa na lugha. Max Müller, msomi wa lugha na dini, aliwaambia watu wa London mwaka 1870 kwamba anayeijua dini moja tu haijui hata moja. Kwetu, John Mbiti, Mkenya aliyeandika juu ya dini za Kiafrika, alifundisha Makerere kuanzia 1964 hadi 1974, na mwaka 1970 Okot p'Bitek, mshairi na msomi wa Uganda, akawashambulia wasomi waliowavika miungu wa Kiafrika joho la Kigiriki, yaani waliowaeleza kwa fikra za Wagiriki. Okot alikuwa na ulimi mkali, lakini kwa hili naona alipatia.

Angalieni neno moja tu linavyoweza kuharibu kazi. Kinjikitile Ngwale, mganga wa vita vya Maji Maji, alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905. Kwa Kijerumani watu wa namna yake waliandikwa "Zauberer". Ukilitafsiri "mchawi" umeshahukumu, kwani kwetu mchawi huroga na mganga hutibu, na Kinjikitile alitambulika kama mtu aliyepandwa na pepo Hongo. Kwa hiyo neno lililotumika kwenye karatasi au kinywani mwa mzee linabaki kama lilivyo, na maelezo yetu yanakaa pembeni.

Sasa madaftari na vitabu vilivyoandikwa kwa mkono kwa herufi za Kiarabu, ambavyo ndivyo vilivyotuumiza zaidi mwaka huu. Mapenzi yamevimaliza kuliko mchwa. Aliyebandika selotepu kwenye mpasuko alidhani anaponya, kumbe gundi hugeuka ya njano na kung'oa wino. Aliyefunga kitabu ndani ya mfuko wa nailoni alifungia na unyevu wa pwani humo humo, akapata ukungu. Laminesheni ndiyo mbaya kuliko zote, maana joto na plastiki yake havitoki tena. Kitabu kikae kimelala, kimefungwa kwa kitambaa cheupe cha pamba kilichofuliwa bila rangi, juu ya rafu iliyo mbali na ukuta ili hewa ipite.

Kabla ya kupiga picha, kagueni kama kurasa zimetimia. Chini ya ukurasa wa kulia, pembe ya kushoto, mara nyingi mwandishi ameacha neno moja peke yake. Ndilo linaloanza ukurasa wa pili yake. Yasipofanana, karatasi imepotea au imeshonwa mahali si pake. Msiyasahihishe mfuatano kwa mkono. Pigeni picha hivyo hivyo, rula ikionekana, kisha andikeni kasoro kwenye fomu.

Kosa la kugeuza mwaka wa Hijria kuwa wa Miladi limejirudia kwenye fomu nyingi mno. Mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, kwa hiyo kujumlisha 622 hakutoshi. Zidisha kwanza kwa 0.97, ndipo ujumlishe 622. Mwaka 1326 unakuwa 1908. Aliyejumlisha tu ameandika 1948. Na 1908 ndio mwaka ile Barua ya Makka, iliyowaita watu watubu, ilipozagaa hapa Lindi na kuwatia Wajerumani kiwewe. Kuikosa kwa miaka 40 ni kuihamishia kwa Waingereza! Hesabu hiyo nayo ni ya kukadiria, inaweza kupishana mwaka mmoja.

Sauti nitazipitia haraka. Saa moja ya stereo isiyobanwa inaweza kula karibu gigabaiti 1, basi msirekodi kwa simu iliyojaa. Nakala ziwe tatu, na moja ikae nje ya Lindi.

Limebaki la jando na unyago. Masasi, Askofu Vincent Lucas aliliingiza jando ndani ya taratibu za Kanisa la Anglikana, na bila kulijua jando huwezi kuuelewa Ukristo wa kule. Lakini nyimbo za unyago zina wenyewe, nao ni makungwi. Baadhi wametuimbia kwa sharti kwamba mwanamume asisikilize, na mpaka leo kinasa sauti na funguo za kabati la rekodi viko kwa wanaume watupu, mimi nikiwemo. Kamati inapendekeza funguo za kabati hilo zikabidhiwe wanachama wanawake wawili, na kungwi aliyeimba awe na haki ya kudai rekodi yake ifutwe wakati wowote. Wapo kwenye kamati waliopinga hilo la kufuta. Karatasi za kura anazo katibu.