Barua kwa mwanangu: ile Route 40 unayopita kila ukija nyumbani

Mwanangu,

Shikamoo yako nimeiona, marahaba. Hii itakuwa ndefu kwa hiyo usiisome ukiwa darasani, isome usiku ukishatulia, na usinijibu na kale kakidole ka juu, nitakasirika.

Ni kuhusu siku ile ya Thanksgiving. Mjomba wako alianza tena ngonjera zake za weusi wa huku Marekani, kwamba lugha wanayo, makaratasi wanayo, wamezaliwa hapa hapa na bado sisi tuliokuja na begi moja tukabeba maboksi tumewapita. Yeye nimeshamzoea tangu tukiwa wadogo Tanga, akishiba lazima aongee. Kilichoniuma ni wewe kuitikia, tena ukaongezea na la rumeti wako, mweusi wa huku, eti kila kitu kwao ni historia historia, kwani yeye alikuwa mtumwa? Watu wakacheka. Sikutaka kukuumbua mbele za watu ndo maana naandika saivi.

Utumwa tuuache kwanza, ni mbali. Nataka nikwambie ya juzi tu, ya baada ya vita ya pili, mambo ambayo watu wake wako hai na mmoja namwogesha kazini kila Jumanne na Alhamisi.

Ile Route 40 unayoshukia ukitokea Delaware, yenye moteli na wauza magari, zamani kabla ya haiwei ya I-95 ndo ilikuwa njia kubwa ya kutoka New York kwenda Washington. Sasa mwaka 1960 peke yake nchi 17 za Afrika zilipata uhuru, mabalozi wakaanza kumiminika, wakiwa na kazi Umoja wa Mataifa wako New York, wakiwa na kazi Ikulu ya Marekani wanateremka Washington kwa gari kwa barabara hiyo. Na Maryland hii tunayoishi migahawa ya njiani ilikuwa haimhudumii mtu mweusi, yaani unaingia na njaa yako na hela yako unaambiwa hapa hatuwahudumii, na sheria haimkatazi mwenye hoteli. Juni 1961 balozi mpya wa Chad, Adam Malick Sow, akiwa njiani kwenda kujitambulisha kwa Rais Kennedy, akasimama apate kahawa. Akakataliwa. Mama mwenye mgahawa alipoulizwa baadaye na waandishi alisema yeye aliona mtu mweusi wa kawaida tu, angejuaje kama ni balozi.

Hebu lisome tena hilo jibu. Kosa lake anaona ni kutomtambua balozi. Wale wa kawaida kuwanyima kahawa hakuona shida yoyote, hata hakuulizwa.

Ikawa aibu ya dunia, maana ni kipindi cha vita baridi, Warusi wanaitangaza kila kona, na kila nchi mpya ya Afrika ina kura yake Umoja wa Mataifa. Kennedy mwenyewe mwanzoni inasimuliwa alikereka akauliza kwa nini hao mabalozi wasipande ndege (kiongozi wa watu huyo, tatizo la mgahawa analitatua kwa tiketi ya ndege). Ila wizara yao ya mambo ya nje ikamtuma bwana mmoja, Pedro Sanjuan, akawa anapita mgahawa kwa mgahawa kuwabembeleza wenyewe wawahudumie wanadiplomasia wa Kiafrika.

Sasa hapa ndo nilitaka ufike. Agosti mwaka huo huo waandishi weusi wa gazeti la Afro-American la hapa hapa Baltimore wakaona isiwe taabu, wakavaa mavazi ya kifahari, mmoja na kilemba cha chui, wakakodi limuzini, wakajifanya ni wakubwa wa serikali kutoka nchi inaitwa Goban. Nchi hiyo haipo! Wameitunga tu. Wakapita Route 40 wanaingia mgahawa mmoja baada ya mwingine, na kuna sehemu walihudumiwa kwa heshima zote, wanaletewa chakula, wanaitwa waheshimiwa. Watu wale wale, ngozi ile ile, waliozaliwa mji huu, wangeingia na suti zao za kila siku wangetolewa nje.

Yaani ilibidi wajifanye sisi ndo wapewe sahani. Mjomba wako anavyopenda kusema wazungu wanatuheshimu sisi Waafrika kuliko wao, anadhani amegundua jambo. Lilijulikana mwaka 1961 na waliolifichua ni hao hao anaowadharau.

Na kilichoivunja ile kitu siyo ubembelezi wa wizara. Wanafunzi waliingia. Chama cha CORE, cha kupigania usawa wa rangi, pamoja na vijana wa vyuo vya Morgan State, Howard, na wazungu wengine wa Johns Hopkins wakatangaza wataimwagia watu hiyo barabara Novemba, migahawa kadhaa ikakubali kabla hata hawajafika, mingine ikang'ang'ana wakaiendea na kukaa, wakabebwa na polisi. Hoja yao ilikuwa wazi kabisa, haiwezekani mgeni apewe kahawa kwa sababu ni mgeni halafu mwenyeji anyimwe. Hao Morgan ndo usiseme, walishakaa kwenye kaunta ya duka la dawa la Read's hapa mjini Januari 1955, miaka mitano kabla ya wale wanafunzi wa Greensboro, North Carolina, waliokaa kaunta hivyo hivyo, ambao kila mtu anawasoma shule. Barabara mpya, ambayo leo ni I-95, Kennedy alikuja kuikatia utepe pale mpakani na Delaware tarehe 14 Novemba 1963, siku nane baadaye akauawa Dallas. Na sheria ya haki za raia iliyomlazimisha kila mwenye mgahawa nchi nzima ikasainiwa na Rais Johnson Julai 1964.

Haya, na makaratasi yetu yalitoka wapi? Umewahi kujiuliza? Baba yako anapenda kusema alipata lotari ya grini kadi kwa sala za bibi yako, sikatai, ila zingesaliwa mwaka 1950 zisingefika popote. Sheria ya uhamiaji toka 1924 iligawa nafasi kwa asili ya mtu, Waingereza na Wajerumani makumi ya maelfu, nchi za Afrika kama ni nafasi 100 kwa mwaka basi umependelewa. Iliyofuta hiyo ilisainiwa tarehe 3 Oktoba 1965 chini ya sanamu ya Uhuru, New York. Mwaka mmoja baada ya sheria ya haki za raia, miezi miwili baada ya ile ya kupiga kura. Unadhani imetokea tu? Wabunge walishabanwa, wameshakubali mbele ya dunia kwamba raia habaguliwi kwa rangi, sasa utawezaje kumbagua anayebisha hodi kwa nchi aliyozaliwa. Watu waliomwagiwa mbwa na maji ya zimamoto kule Birmingham, Alabama, wakidai haki zao ndo walioulegeza huo mlango, sisi tukaja kuusukuma na kidole. Lotari yenyewe ikaja na sheria ya 1990.

Na hata hapo mlango una chujio. Lotari inataka umemaliza sekondari au una miaka miwili ya kazi yenye ujuzi, halafu uwe na nauli, upime afya, upite interview. Baba yako alikuwa na diploma. Kwa hiyo ukichukua Mtanzania aliyechujwa mara nne ukamlinganisha na watu wote wa mtaa mzima, wagonjwa kwa wazima, waliosoma na wasiosoma, umefanya hesabu gani hiyo? We si unasoma takwimu wewe?

Turudi barabarani. Route 40 ikiingia mjini upande wa magharibi inazama kwenye lile shimo, unalijua, kati ya mtaa wa Franklin na Mulberry, njia pana zilizochimbwa chini, kuta za zege huku na huku, unakanyaga mafuta dakika moja na nusu halafu imekwisha, umerudi kwenye taa za mtaani. Wenyewe wanaiita barabara isiyoenda popote. Nimeipita miaka nikidhani ni ujinga wa mainjinia.

Yule bibi wangu wa Jumanne ana miaka 80 na kitu. Siku moja nampeleka kliniki tukapita humo, akaniambia punguza mwendo, akanyosha kidole. Nikatazama ukutani anakoonyesha sioni kitu. Akasema siyo hapo, juu. Alikuwa anaonyesha hewani, juu ya paa la gari. Maana ardhi yenyewe walishaichota, jiko la mama yake lilikuwa pale juu ambapo saivi hakuna kitu, ni hewa tu na njiwa. Akaanza kunitajia, hapa kinyozi, hapa kanisa, hapa mama fulani alikuwa anauza kaa Ijumaa, yaani anasoma hewa kama mtu anayesoma vibao vya maduka. Nyuma yetu mtu akawa anatupigia honi.

Nyumba 971 zilivunjwa kwa ajili ya hicho kipande, na biashara 62, na shule. Kipande ambacho hakifiki hata maili moja na nusu. Wazo lenyewe ni la zamani, mwaka 1944 walimwajiri Robert Moses, mpanga barabara wa New York, awachoree njia, akaandika kabisa kwamba ile mitaa kadiri inavyofutwa nyingi ndo Baltimore itakavyopona. Halafu 1956 Rais Eisenhower akasaini sheria ya haiwei, serikali kuu inalipa asilimia 90, nani atakataa hela hiyo. Wakaanza kuvunja mwishoni mwa miaka ya 60. Upande wa Fells Point, mtaa mwingine wa mji huu, wenyeji wakagoma, akina Barbara Mikulski, kipindi hicho ni mfanyakazi wa ustawi wa jamii tu, ndo ugomvi huo uliomtoa mpaka akaja kuwa seneta. Weusi na wazungu waliungana kabisa wakapinga pamoja, na barabara ikazuiwa sehemu nyingi, ila kwa akina bibi yangu ilikuwa tayari tinga limeshapita. Kwa hiyo ikabaki shimo lenye mwanzo na mwisho, limekamilika 1979, haliungani na chochote.

Bibi anasema kabla ya kuvunja ilitangazwa miaka kwamba mtaa utaondolewa, kwa hiyo hakuna aliyepaka rangi, hakuna benki iliyokopesha, wapangaji wazuri wakahama, na siku ya kulipwa fidia wakalipwa bei ya mtaa uliokwisha kufa. Waliouua ndo waliokuja kuupima thamani. Hiyo sentensi ni yake.

Na hawakuwa na pa kwenda kama wazungu walivyokuwa napo. Hiki ndo kipande mjomba wako hakijui kabisa. Huku utajiri wa mtu wa kawaida ni nyumba, siyo mshahara. Baada ya vita serikali iliwapa wanajeshi waliorudi, kwa sheria ya 1944, mkopo wa nyumba na ada ya chuo, na shirika la serikali la mikopo ya nyumba, FHA, likadhamini mikopo ya wengine. Ndo wakajengewa ile mitaa ya nje ya mji, Levittown ya New York kuanzia 1947, nyumba zaidi ya elfu 17, mkataba umeandika wazi asikae mtu asiye mzungu. Mjeshi mweusi kavaa gwanda lile lile, kapigana vita ile ile. Mississippi mwaka 1947 mikopo ya wanajeshi zaidi ya 3,200 ilidhaminiwa, waliopata weusi walikuwa wawili. Siyo asilimia mbili. Watu wawili. Na mitaa ya weusi ilishapakwa nyekundu kwenye ramani za serikali toka miaka ya 30, benki haigusi. Sheria ya kukataza ubaguzi wa nyumba ilikuja kusainiwa Aprili 1968, wiki moja baada ya Martin Luther King kuuawa, miji ikiwa inafuka moshi na huu wa kwetu ukiwa mmojawapo.

Sasa babu wa mzungu kanunua nyumba kwa dola elfu nane, mjukuu kasomeshwa kwa hiyo nyumba. Babu wa rumeti wako kapewa fidia ya kibanda. Na rumeti akisema historia unamcheka?

Halafu kitu cha mwisho, ukitua BWI, uwanja wa ndege wa hapa Baltimore, siku nyingine lisome jina la uwanja lote, Thurgood Marshall. Ni mtoto wa mji huu, wakili aliyeshinda kesi ya Brown mwaka 1954, ile iliyokataza kutenga shule kwa rangi. Januari 1960 huyo huyo alikuwa London kwenye mkutano wa Lancaster House, akina Tom Mboya wamemwita awasaidie kuandika haki za raia kwenye katiba ya Kenya. Na akasisitiza wazungu na Wahindi walindiwe mali zao nao wakiwa wachache. Kwake Maryland mwaka huo bado kuna migahawa asingepewa chai. Huyo alikuja kwetu kusaidia bila kutuuliza mbona hamjitumi.

Sikwambii uache kujivunia baba yako, kafanya kazi za usiku mpaka mgongo umekufa, jivunie. Ila rumeti wako mtafute umwombe radhi, usimtumie meseji, ongea naye. Na ukija mwezi wa tatu nitakupeleka kwa bibi, nimeshamwambia, anataka kijana wa kumbebea maboksi ya kule chini stoo, kwa hiyo njoo na viatu vya kazi.

Hela ya vitabu nimetuma nusu, nyingine Ijumaa nikilipwa. Mjomba wako nitamjibu mwenyewe kwenye grupu la ukoo, wewe usiingie.

Mama yako