Mpangaji hakujibu

Mombasa, Jumapili usiku

Sahibu yangu,

Pokea salamu zetu sote. Mimi sijambo, Bi Mkubwa hajambo ila magoti yanamsumbua kila mvua inapokaribia, na shemeji anauliza kila mwisho wa wiki kama ile pasipoti imetoka. Ninajua nimenyamaza tangu Pasaka, na ninajua utasema kwamba ukiuona mwandiko wangu basi nina shida. Ni kweli. Nina shida mbili, moja ya chuma na nyingine ya moyo, na ile ya chuma unayo wewe: ule ufunguo wa kukazia nyuzi za kinanda, wa Mwalimu wetu wa muziki, uliotoka nao ukumbini mwaka ulipokwenda Nairobi kwa "wiki mbili". Nitaurudia huko mbele, usidhani umepona.

Shida ya moyo ilianza na ile video ya mwenye nyumba. Kama hujaiona, basi kazi imekuzidi, maana hapa kwetu hata muuza mihogo wa Makadara amekwisha kunipa jina la Beethoven wa Kodi, kwa yule mtunzi wa muziki wa Ulaya. Nilijirekodi kwa simu chumbani kwangu, nimekaa mbele ya kibodi, nimejifunga taulo jeupe kichwani mfano wa zile nywele za bandia za mabwana wa zamani wa Ulaya (ingawa Beethoven mwenyewe alitembea na nywele zake, tena zisizochanwa). Unaikumbuka Simfoni yake ya Tano, ule utungo wa okestra, inavyoanza: noti nne tu, tatu fupi na moja ndefu, ambazo kwenye solfa yetu ya kwaya ni mi-mi-mi-do. Karani wake, Schindler, alidai kwamba Beethoven alimweleza kuwa ndivyo majaaliwa yanavyobisha mlangoni. Wanahistoria hawamwamini sana Schindler, lakini mimi nilimwamini kwa sababu ilinifaa. Nikasema, majaaliwa ya huku kwetu hayabishi hodi, yanakukuta tu njiani. Anayebisha hodi ni mwenye nyumba, tarehe moja, kabla hujapuliza chai. Nikazitia zile noti maneno: ko-di-ya-ngu!

Jaribu kuimba, uone jinsi yanavyokaa. Kisha zinakuja nne nyingine, chini kidogo, re-re-re-ti, na hapo nikasema mwenye nyumba amehamia dirisha la jikoni. Baada ya hapo zile noti nne zinapokezanwa, fidla za pili, kisha viola (zile fidla kubwa kidogo), kisha fidla za kwanza, nami nikaonyesha kwamba mzee hakuja peke yake, amekuja na wanawe watatu, kila mmoja na dirisha lake. Nikaingia chini ya kitanda, nikazima simu, video ikaishia hapo. Sekunde 58.

Sahibu, imetazamwa na watu wengi kuliko ninavyoweza kuwaza nikiwa na akili timamu. Juzi nilikuwa ndani ya matatu ya Bamburi, makanga alipotaka dereva asimame akapiga ubavu wa gari, ta-ta-ta-taa, abiria mmoja wa nyuma akaitikia "kodi yangu!" na gari zima likacheka. Nilitaka kulia. Miaka yote ile Mwalimu alituhangaikia, tulipokuwa tukipiga muziki huu mbele ya viti vitupu na yule mlinzi aliyekuja kwa ajili ya feni, nani angesema siku moja makanga atapiga mdundo wa Beethoven kwenye bati?

Basi Alhamisi nikachukua mahamri na mbaazi, nikaenda kwa Mwalimu ili anipongeze. Nasema wazi, hiyo ndiyo nia iliyonipeleka. Mjukuu wake alikuwa amekwisha kumwonyesha video, lakini akataka kuiona tena nikiwepo. Aliishika simu mbali na uso, kama mtu anayesoma bei asiyoipenda, akaitazama yote mara mbili. Pale penye dirisha la jikoni alitabasamu, nililiona tabasamu kwa macho yangu. Kisha akanirudishia simu na kusema, "Mpangaji hakujibu." Basi. Akaniuliza habari za mama, akaniuliza kama mbaazi zimetiwa tui zito au jepesi, na hakugusa tena habari ya muziki.

Nilitembea kwa miguu mpaka karibu na Saba Saba kabla sijafahamu. Wewe huenda umekwisha kufahamu, maana ulikuwa na masikio kuliko mimi. Alikuwa anasema juu ya oboe, ile ala ya kupuliza. Katika sehemu ile ya kwanza ya simfoni, mwanzo unaporejea kwa nguvu zote na unadhani sasa mlango utavunjwa, okestra nzima inanyamaza, na oboe peke yake inatoa sauti, polepole, bila mdundo wa mtu yeyote, sentensi moja fupi ya upweke. Ni kwenye kipimo cha 268, ukivihesabu vipimo vya mapigo tangu mwanzo. Mwalimu alikuwa akitupigia kwa kidole kimoja, jioni zile umeme ulipokatika, akituambia, "Mnamsikia? Huyu anaomba." Mimi nilipata bahati ya kumgundua mwenye nyumba ndani ya noti nne, na mpangaji alikuwa yumo humo humo tangu mwaka 1808, ameandikiwa maneno yake na Beethoven mwenyewe, nami nikamfungia chini ya kitanda ili video isizidi dakika moja.

Nimejitetea sana tangu siku hiyo, hasa usiku. Nimejiambia kwamba kuifikia ile oboe kunahitaji dakika kadhaa, na hakuna mtu anayengoja dakika kadhaa. Lakini huyo makanga anayenichekea hutazama mpira dakika 90 na za nyongeza juu. Na watu wa Vienna waliokuja kuisikia simfoni hii mara ya kwanza, tarehe 22 Desemba 1808, walikaa ukumbini muda wa saa nne hivi, katika baridi kali, na juu ya hayo wakaona wanamuziki wakipotezana katikati ya ile Fantasia ya Kwaya, kazi nyingine ya Beethoven, hadi ikabidi waianze upya. Hao walingoja. Swali linaloniuma ni kama mimi niliwapa wangu sababu yoyote ya kungoja.

Nimejiambia pia kwamba mzaha si dhambi katika muziki huu, na hapo ninasimama imara. Haydn, mtunzi mwingine wa zamani, aliandika kwarteti ya ala nne za nyuzi, Opasi (yaani kazi) ya 33 namba 2, mwaka 1781, ambayo mwisho wake ni utani mtupu: muziki unasimama, watu wanajiandaa kupiga makofi, unaanza tena, unasimama, unaanza, kisha kimya kirefu, na wakati kila mtu ameshaamini kwamba umekwisha, unarudi kwa sauti ndogo na sentensi ile ile ya mwanzo, na hapo ndipo unapoachia kabisa. Niliifanyia video mwezi Machi. Nilikuwa mgeni anayeaga mlangoni: "Haya, mimi nimekwenda," halafu anakumbuka neno, "haya sasa nimekwenda kweli," halafu anarudi kuchukua mwavuli. Bi Mkubwa alicheka mpaka akajifuta machozi, akasema huyo ni dada yake. Waliotazama walikuwa wachache, na miongoni mwao najua wanne ni binamu zangu. Lakini ile, sahibu, sikuikata popote, kila kimya kilikuwa kile alichokiandika Haydn. Hata ile video ya utungo wa Pachelbel, ambamo mpiga cello, ile fidla kubwa ya sauti nzito, anarudia noti zile zile nane mara 28 kama feri ya Likoni, inakwenda inarudi huku maisha ya watu wote yakipita juu yake, ile pia niliiacha iende mpaka mwisho, na watu wakaniandikia kwamba hawakujua cello ndiyo iliyobeba mzigo. Nikilinganisha na hizo, ya mwenye nyumba ndiyo iliyochekesha zaidi na ndiyo iliyosema kidogo zaidi. Sijui kama ninajionea bure. Pengine mtu akilishika lile ta-ta-ta-taa inatosha, ataitafuta mwenyewe siku yake ikifika. Lakini mbona basi nimeshindwa kulala?

Juzi nimesoma habari za Victor Borge, yule mchekeshaji Mdenmarki aliyezaliwa Copenhagen mwaka 1909 na kukimbilia Marekani mwaka 1940 Wanazi walipoivamia nchi yake. Yeye alianguka kutoka kwenye kiti cha piano, kisha akarudi na kujifunga mkanda kama wa ndegeni ili asianguke tena. Kuanzia mwaka 1953 alifanya maonyesho 849 peke yake Broadway, kule kwenye kumbi za maigizo za New York, yeye na piano. Nilichojifunza kwake ni kwamba alikuwa mpiga piano wa kweli, na akishawachekesha hadi mbavu ziwaume, aliweza kugeuka akapiga kitu kwa utulivu na ukumbi mzima ukanyamaza. Mimi sijawahi kuwageukia watu wangu. Nikiona wamecheka, nakimbia na kicheko chao kama mwizi wa kuku.

(Katika pilikapilika hizi mwenye duka mmoja wa sabuni amenitumia ujumbe. Anataka mwenye nyumba wa video ijayo aje ameshika mche wa sabuni yake. Sijamjibu. Kiasi alichotaja si kidogo, na mwenye nyumba wangu wa kweli naye anabisha.)

Sasa sikiliza nilichokusudia. Nataka kuirudia, safari hii sehemu ya kwanza yote, kama dakika saba, kwa ule mpangilio wa Liszt, aliyeigeuza simfoni hii ipigwe kwa piano peke yake, nikipunguza pale vidole vyangu vinaposhindwa. Mwenye nyumba atabisha kama kawaida, mlango, dirisha, wanawe, watu wacheke wanavyotaka. Kisha pale kwenye kipimo cha 268 nitaondoa mikono, na Mwalimu atakaa kando yangu na kupiga jibu la mpangaji kwa kidole kile kile kimoja. Nilirudi kwake jana kumwomba. Hakukubali wala hakukataa. Alisema, "Si kwa kile kitoto chako cha umeme. Kwa kinanda, na kipatanishwe kwanza."

Nenda ukakione kinanda hicho, utasikitika. Kifuniko kimepinda, kibao cha fa ya katikati kikibonyezwa hakirudi mpaka ukiinue kwa ukucha, na nyuzi za chini zimefanya kutu ya rangi ya chai ya rangi. Chumvi ya bahari haikihurumii. Na unajua tabia yake: msimu wa mvua ubao wa ndani unavimba kwa unyevu na sauti inapanda, kaskazi ikikausha inashuka, tena hazipandi wala hazishuki kwa kipimo kimoja, kwa hiyo hivi sasa katikati ya kinanda kuna ugomvi. Nyuzi ni kama 230, na kwa jumla zinavutana kwa nguvu inayokaribia tani 18. Si kazi ya kubahatisha. Niliwaza kutumia spana, lakini vile vijiti vya kukazia vina pembe nne na spana ingezila pembe zote. Fundi wa kutoka Nairobi alinitajia bei nikamshukuru, nikakata simu. Mwalimu anajua kupatanisha kwa masikio yake mwenyewe, kama alivyokuwa akifanya siku zote, na mimi nitakuwa mikono yake. Kinachokosekana ni ufunguo, na ufunguo, mpenzi wangu, uko kwako. Mwalimu hajakutaja hata mara moja. Alisema tu, akitazama pembeni, "Palikuwa na ufunguo hapa."

Basi niambie: bado unao, au uliishia kwenye lile sanduku lililoibiwa River Road? Kama unao, umeufanyia nini miaka yote hii, wewe usiye na hata gitaa? Ile kovu ya kidole gumba, siku tulipokaza mpaka uzi ukakatika, bado ipo? Unaonaje juu ya mpangaji, Mwalimu ana haki, au ni uzee na mimi ni woga? Mtu aliyekuja kucheka akikutana ghafla na huyo anayeomba, atangoja au atapitisha kidole aende kwenye video nyingine? Mzee wa Kibokoni amenishauri jibu lipigwe kwa zumari, kwa kuwa oboe na zumari zote zinapulizwa kwa matete mawili na ni ndugu. Je, nimpe nafasi hiyo, au nitakuwa nimeanza tena mizaha yangu na kumnyang'anya Mwalimu kidole chake? Na yule wa sabuni nimjibu nini?

Salimia nyumbani kwako. Bi Mkubwa anasema umenenepa, ameona picha.

Ni mimi wako,
wa kiti cha kushoto

N.B. Usiutume kwa basi wala kwa mtu. Panda treni uje nao mwenyewe, Jumamosi yoyote kabla mvua hazijakolea, na ukifika usiende kwanza kwenu. Nitakungoja ukumbini. Mwalimu atajifanya hakukutambua. Wewe mpe tu mkononi.